Mzigo wa Namba Mbili

  Leo nataka kumtetea mtu. Hajanituma, wala hatujuani. Lakini kila jina lake linapotajwa katika mabaraza yetu ya Coventry Road, hapa Small Heath, Birmingham, watu wakinywa chai na kubishana michezo, neno linalofuata ni lile lile: alishindwa. Mtu mwenyewe ni Hasheem Thabeet, kijana wa Dar es Salaam, Mtanzania wa kwanza kucheza NBA, ligi kuu ya kikapu ya Marekani.

Tuanze na orodha ambayo mashabiki wanaijua kwa moyo. Juni 2009, jijini New York, timu za NBA zilikaa kuchagua vijana wapya. Wa kwanza kuitwa alikuwa Blake Griffin. Wa pili Hasheem Thabeet, akachukuliwa na Memphis Grizzlies. Wa tatu James Harden. Wa saba Stephen Curry. Wa tisa DeMar DeRozan. Orodha hiyo imekuwa ndiyo hukumu yake. Watu wanaisoma kutoka chini kwenda juu, wanamwona Curry na pete zake za ubingwa, kisha wanapofika kwa Mtanzania wanatikisa kichwa.

Sasa niulize: nani aliyemweka namba mbili? Si yeye. Kijana wa miaka 22 alikaa kwenye kiti, amevaa suti, akasubiri jina lake liitwe. Waliomchagua ni watu wazima wanaolipwa mishahara mikubwa kwa kazi hiyo, wenye kanda za video, wapelelezi wa vipaji na madaktari wa kupima magoti. Kama palikuwa na kosa, ni kosa la mnunuzi. Lakini mnunuzi hatajwi tena. Anayetajwa mpaka leo ni kijana.

Na kwa nini walimtaka? Kwa sababu walikuwa wamekiona kitu. Thabeet alizaliwa Februari 1987. Mpira wa kikapu aliuanza akiwa na miaka kama 15, umri ambao wenzake wa Marekani walikuwa na miaka kumi ya mazoezi nyuma yao. Baba yake alifariki yeye akiwa bado kijana mdogo. Akaenda Marekani, akamalizia sekondari Texas, kisha akaingia Chuo Kikuu cha Connecticut chini ya kocha Jim Calhoun. Urefu wake futi 7 na inchi 3, yaani mita 2 na sentimita 21. Kwa misimu miwili mfululizo, 2008 na 2009, alitajwa mlinzi bora wa ligi yao ya Big East. Mwaka 2009 akagawana tuzo ya mchezaji bora wa ligi hiyo na DeJuan Blair, na timu yake ikafika nusu fainali ya taifa.

Kuna mechi moja ya msimu huo, dhidi ya Providence. Thabeet alifunga pointi 15, akadaka rebaundi 11, na akazuia mitupo 10. Kumi! Mchezaji wa upande wa pili anaingia ndani, anainua mkono, na mkono mwingine unatokea juu ya wake. Anarudi tena, vilevile. Mwisho watu wanaacha kuingia. Wanasimama mbali, wanatupa kwa matumaini. Mlinzi wa namna hiyo anaharibu hata mipira ambayo hakuigusa, kwa sababu mshambuliaji ameshaanza kumfikiria kabla hajaruka. Hicho ndicho Memphis walichokinunua.

Hapa naomba mnivumilie kidogo, maana jambo hili ndilo kiini cha habari na huwa halisemwi barazani. Mchezo wa vyuo vya Marekani na mchezo wa NBA haifanani kanuni. Chuoni, mlinzi mrefu anaweza kusimama chini ya kikapu, akapiga kambi pale, akawangoja wanaokuja. NBA tangu 2001 ina kanuni ya sekunde tatu za mlinzi: huruhusiwi kubaki ndani ya eneo lililopakwa rangi zaidi ya sekunde tatu kama hakuna mtu unayemkaba kwa karibu. Lazima utoke, urudi, utoke tena. Maana yake kijana ambaye silaha yake ni kusimama langoni aliambiwa kwamba langoni hapasimamwi. Akaanza kukimbizwa huku na huko na watu wepesi, mbali na kikapu, mahali ambapo futi 7 na inchi 3 si faida bali ni miguu mizito.

Kisha mchezo wenyewe ukahama. Katika miaka ile ile timu zilianza kuwatoa warefu nje na kutupa kutoka mbali, pointi tatu kwa tatu. Na aliyeongoza mageuzi hayo ni nani? Ni Curry, yule aliyeitwa wa saba siku ile ile. Golden State, timu ya Curry, walipotwaa ubingwa 2015, kazi ya mtu mrefu asiyetupa kutoka mbali ilikuwa imeshapungua bei kote katika ligi. Thabeet hakuwa peke yake. Warefu wengi wa aina yake walipotea sokoni miaka hiyo, ila wao hawakuwa wamebandikwa namba mbili.

Memphis hawakumvumilia hata msimu mmoja. Februari 2010 wakampeleka Dakota Wizards, timu ya ligi ndogo ambayo NBA inaitumia kukuzia wachezaji. Hapakuwa na mchezaji aliyechaguliwa juu kiasi hicho aliyewahi kuteremshwa huko, na magazeti yakaandika hivyo hivyo, kwa herufi kubwa. Mwaka mmoja baadaye, Februari 2011, akapelekwa Houston Rockets kwa kubadilishana na Shane Battier. Machi 2012 Houston nao wakampeleka Portland, wakimchukua Marcus Camby. Na nani alikuwa kwenye ndege hiyo ya Portland pamoja naye? Jonny Flynn, aliyechaguliwa wa sita katika orodha ile ile ya 2009. Namba mbili na namba sita, miaka mitatu haijatimia, wote wawili wanahamishwa kwa siku moja ili hesabu za mishahara zilingane.

Maana ndivyo biashara hii inavyokwenda, wasikilizaji. NBA ina ukomo wa mishahara. Timu ikitaka kumchukua mchezaji wa bei kubwa, mara nyingi lazima itoe mikataba yenye thamani inayokaribiana. Kwa hiyo mtu anaweza kuhamishwa si kwa sababu anatakiwa anakokwenda, wala kwa sababu amechukiza anakotoka, bali kwa sababu karatasi yake ina tarakimu inayofaa kujaza pengo. Anapigiwa simu, mara nyingine asubuhi ya siku ya mechi. Anafunga begi. Nyumba aliyopanga, shule ya watoto kama anao, marafiki, vyote vinabaki. Keshokutwa anatakiwa awe amejifunza mbinu za kocha mpya na majina ya watu kumi na wanne.

Lakini angalieni kilichofuata, kwa sababu hapa ndipo wanaosema alishindwa wanaponyamaza. Mwaka 2012 Oklahoma City Thunder wakamsajili. Timu hiyo ilikuwa imetoka kucheza fainali ya NBA. Walikuwapo Kevin Durant, Russell Westbrook na Serge Ibaka wa Brazzaville. Timu yenye watu hao haichukui mtu kwa kumhurumia. Msimu wa 2012/13 Thabeet aliingia uwanjani katika mechi 66, na Thunder wakashinda 60 msimu mzima. Kazi yake ilikuwa dakika chache: aingie Ibaka na wenzake wapumzike, aweke mwili wake njiani, acheze faulo inapobidi, atoke. Pointi hazikuonekana. Lakini kocha anayekuingiza uwanjani mara 66 katika msimu wa ushindi anajua anachofanya.

Baada ya hapo ndipo mteremko ulipokuja. Mwaka 2014 alipelekwa Philadelphia wakamwacha, Detroit wakamchukua wakamwacha kabla msimu haujaanza. Akakubali kwenda Grand Rapids, Michigan, katika ligi ndogo. Mwambieni mtu yeyote anayemcheka afikirie hilo. Memphis alikuwa akilipwa zaidi ya dola milioni 4 kwa mwaka. Katika ligi ndogo ya msimu wa 2014/15, mshahara wa daraja la juu kabisa ulikuwa kama dola 25,000 kwa msimu mzima, na safari nyingi ni za basi kwenye theluji. Mtu aliyewahi kuitwa wa pili katika dunia nzima anapanda basi hilo. Mimi siwezi kumwita mtu huyo aliyeshindwa. Namwona ni mtu aliyekuwa tayari kufanya kazi yake mahali popote ilipopatikana, na nadhani wengi wenu mnaonisikiliza mkitoka zamu ya usiku ghalani mnanielewa bila maelezo zaidi.

Watu wa Small Heath tunaijua ajira ya namna hii. Zamani mtaa huu ulikuwa na kiwanda cha BSA pale Armoury Road, kilichotengeneza bunduki, baiskeli na pikipiki, na mtu aliingia akiwa kijana akatoka na mvi. Kiwanda kimekwisha. Leo wengi wetu tuko kwa wakala wa ajira. Ujumbe wa simu unakuja saa kumi na moja jioni: kesho njoo, au kesho usije. Hakuna anayetuambia tumeshindwa kwa sababu tumefanya kazi katika maghala manane. Tunaulizwa tu kama tunajua kazi. Sasa kwa nini kijana wetu aliyefanya kazi katika timu nyingi apimwe kwa kipimo kingine?

Kuna mwingine anayezungumza Kiswahili, na njia yake inatufundisha jinsi kazi hii inavyoshikwa. Bismack Biyombo wa Lubumbashi, Kongo. Alichaguliwa wa saba mwaka 2011, akaanzia Charlotte, akaenda Toronto, akaenda Orlando, akarudi Charlotte. Mwaka 2021 baba yake alipofariki, Biyombo alikuwa hana timu na msimu ulianza bila yeye. Ilipofika Januari 2022, Phoenix Suns walimpa mkataba wa siku kumi. Nirudie: siku kumi. Ndiyo mikataba iliyopo katika ligi hiyo tajiri. Unapewa siku kumi, ukifaa unaongezewa, usipofaa unarudi nyumbani. Yeye alifaa, wakampa mkataba wa msimu uliobaki. Na mshahara wake wa msimu huo, kama dola milioni 1.3, aliutoa kujenga hospitali Kongo kwa jina la baba yake. Tangu hapo amepita Memphis, Oklahoma City na San Antonio. Huyo hajawahi kuwa nyota hata siku moja. Lakini makocha wanamwita kwa sababu wanajua watakachopata: atakaba, atadaka rebaundi, atawasemesha vijana, hatanuna akikaa benchi.

Nimetaja ya mbali, sasa ya karibu. Mwaka 2022 michezo ya Jumuiya ya Madola ilikuja mjini kwetu, na kikapu cha watatu kwa watatu kikachezwa Smithfield, palipokuwa na soko kuu la jumla la mboga, samaki na nyama kabla halijahamishiwa Witton. Kutoka hapa Small Heath ni mwendo mfupi tu wa basi kwa Coventry Road. Kenya walileta timu zao, ya wanaume na ya wanawake, na bendera ile ilipepea pale jua kali. Fainali ya wanaume ilikuwa Uingereza na Australia. Mchezo huo una kanuni zake: kikapu kimoja, mtupo wa ndani ni pointi moja, wa mbali ni mbili, na muda ukiisha mkiwa sare, wa kwanza kufikisha pointi mbili katika nyongeza amemaliza. Wakafika nyongeza. Mpira ukamfikia Myles Hesson nje ya mstari. Akatupa. Uingereza 17, Australia 16, dhahabu.

Hesson ni mzaliwa wa Birmingham. Wakati huo alikuwa na miaka 32, mchezaji wa kuhamahama, aliyepita klabu za ndani na nje ya nchi hii. Kwa nini ilibidi ahame? Kwa sababu mji wake haukuwa na mahali pa kumweka. Birmingham ni mji wa pili kwa ukubwa Uingereza, lakini Birmingham Bullets, waliokuwa timu ya ligi kuu, walikufa 2006. Waliojaribu kuwarithi, Panthers kisha Knights, hawakudumu. Kijana wa hapa akifika ngazi ya kulipwa, njia yake ni ya stesheni: Leicester, Worcester enzi zile, London, au ng'ambo. Na hata ligi yenyewe haikuwa imara. Mwaka 2024 leseni yake ilifutwa baada ya wawekezaji wake kuporomoka kifedha, ikabidi ianzishwe ligi mpya. Wachezaji walilala wana mwajiri, wakaamka hawajui.

Nikitaja Bullets sina budi kumtaja mtu mmoja, kwa sababu mimi nadhani mji huu haumkumbuki vya kutosha. Mwaka 1996 Bullets walikuwa mabingwa wa Uingereza, na kocha wao alikuwa Mmarekani wa miaka 28, Nick Nurse. Hakuna aliyemjua. Akatoka hapa akaenda Manchester, London, Brighton, akarudi kwao kufundisha ligi ndogo, Iowa kisha Texas. Miaka na miaka ya mabegi. Mwaka 2018 akawa kocha wa Toronto Raptors, na mwaka 2019 wakachukua ubingwa wa NBA. Mwenzake wa enzi hizo, Chris Finch, alikuwa Sheffield, kwanza mchezaji, halafu kocha, na baadaye akafundisha timu ya taifa ya hapa kwenye Olimpiki ya London 2012. Finch huyo ndiye aliyekuwa kocha wa timu ndogo ya Houston kule Texas, Rio Grande Valley Vipers, mwaka 2011. Na Houston walimpeleka nani kwake mwaka huo akacheze? Hasheem Thabeet. Kocha aliyepikwa Sheffield na kijana aliyetoka Dar wakakutana kwenye uwanja mdogo karibu na mpaka wa Meksiko. Leo Finch anaifundisha Minnesota Timberwolves. Dunia ya wanaohamahama ni ndogo, na wao kwa wao wanakumbukana: nani alifika mapema mazoezini, nani alinuna, nani alimsaidia mgeni. Sifa hiyo haiandikwi kwenye takwimu, lakini ndiyo inayokupatia simu inayofuata.

Simu za Thabeet ziliendelea. Mwaka 2017 alikuwa Japani, Yokohama. Mwaka 2020 alirudi Marekani, akacheza Fort Wayne, Indiana, ligi ndogo tena, akiwa na miaka 33. Kisha Taiwan, mji wa Hsinchu. Na huko, wasikilizaji, wakaanza kumwona yule wa Connecticut. Mnakumbuka kanuni ya sekunde tatu? Nje ya Marekani nchi nyingi zinafuata kanuni za FIBA, shirikisho la dunia, na FIBA haina sekunde tatu za mlinzi. Mtu mrefu anaruhusiwa kusimama langoni kwake. Tena mpira ukishagonga chuma cha kikapu, FIBA inamruhusu mlinzi kuufagia hata kama uko juu ya pete, jambo ambalo NBA ni kosa. Kwa maneno mengine, kazi aliyozaliwa nayo ilikuwa halali huko. Akazuia mitupo kama zamani, watu wakajaa ukumbini kumwangalia. Kijana hakuwa amebadilika sana. Kilichobadilika ni sheria ya mahali.

Na mwisho akarudi nyumbani. Alivaa jezi ya Dar City, klabu ya Dar es Salaam iliyowania nafasi katika Ligi ya Kikapu ya Afrika, akasimama uwanjani na vijana ambao hawakuwa wamezaliwa alipoushika mpira mara ya kwanza. Hakuna aliyemlazimisha. Mtu anayeuchukia mchezo, au aliyevunjwa na maneno ya watu, angeshaacha zamani.

Mtaniuliza, mbona leo umeshupalia hivi? Nitawaambia. Wiki chache zilizopita mama mmoja alinisimamisha nje ya duka la nyama. Ni Msomali, alikaa Mombasa miaka mingi kabla ya kuja huku, Kiswahili chake ni safi kuliko cha wengi wetu. Akaniambia, "Kaka, wewe wa redio, nisaidie. Mwanangu anacheza kikapu. Kuna mtu amempigia simu, anasema atampeleka nje akacheze kwa mkataba. Baba yake hataki kusikia. Anasema atakuwa kama yule Mtanzania wenu."

Yule Mtanzania wenu. Maneno hayo yalinikaa kifuani. Nikamjibu, "Mama, mwanao akiwa kama yule, mshukuru Mungu." Akanitazama kama ninamtania, na sikuwa ninatania.

Nikamwuliza anaujua mchezo? Akacheka. Kumbe marehemu baba yake alikuwa mpenzi mkubwa wa kikapu kule Mogadishu. Mwaka 1981 mashindano ya mataifa ya Afrika yalichezwa Mogadishu, Ivory Coast wakachukua ubingwa, Misri wa pili, na Somalia wenyeji wakashika nafasi ya tatu. Mzee alikuwa akiwasimulia watoto. Katika mji ule kikapu hakikuwa mchezo wa kuigwa kutoka kwenye televisheni ya Marekani, kilikuwa mchezo wa mtaani kwao. Kwa hiyo kijana anayekwenda kufanya mazoezi ukumbini Nechells jioni hakuzua jambo jipya. Anaendeleza la babu yake. Wazazi wengi wa Kisomali hapa Small Heath wana habari hiyo nyumbani na hawajaitoa kabatini, wakaja kufikiri kwamba watoto wao wamepotezwa na mambo ya kizungu.

Basi nikakaa na yule mama kwenye kibaraza cha duka, tukazungumza kwa kirefu, na naona niyaseme tena hapa, kwa sababu hayuko peke yake. Kwanza, asimpe kijana ndoto ya orodha ya 2009. Watu wanaoitwa kwa jina mbele ya kamera hawazidi 60 kwa mwaka, kwa dunia nzima. Wanaobaki, maelfu, ndio wanaocheza Ureno, Uholanzi, Ugiriki, Rwanda, Misri, Japani. Hao ndio wachezaji hasa wa dunia, na mechi nyingi unazoziona zinachezwa na wao. Nyota wanaondoka na picha. Hawa wanaondoka na mshahara wa miezi minane na goti linalouma. Si maisha ya kudharauliwa, lakini ni maisha ya kuingia macho wazi.

Pili, masomo. Thabeet alikwenda Marekani kwa njia ya shule, na njia hiyo mpaka leo ndiyo yenye usalama zaidi kwa kijana wa Afrika au wa mtaa kama huu. Kijana akiumia goti chuoni, anabaki na darasa. Akiumia kwenye klabu ndogo ya nje yenye mkataba wa kurasa mbili, anabaki na begi.

Tatu, nikamwambia usimsikilize anayeongea habari za umaarufu, sikiliza anayeongea habari za karatasi. Huyo mtu wa simu, nikamwambia, akija tena, mpokee vizuri, mpe chai, umuulize kwa heshima kama unavyomuuliza mtu aliyekuja kuposa. Wewe ni wakala mwenye kibali cha FIBA, na kibali hicho kiko wapi tukione? Mkataba uko kwa lugha gani, na nani atautafsiri asiye upande wako? Mshahara unalipwa kila mwezi au mwisho wa msimu, na klabu ikichelewa miezi miwili, mtoto ana haki gani? Wakimtema Januari, analipwa mpaka lini? Nyumba anayokaa ni ya nani? Daktari ni wa nani, na akivunjika mguu uwanjani, bima ya matibabu inaishia siku ya mwisho ya mkataba au siku atakayopona? Fungu lako wewe wakala unalitoa kwa klabu au kwa mshahara wa mtoto? Na tiketi ya kurudi Birmingham, imeandikwa kwenye ukurasa wa ngapi?

Mama aliomba kalamu dukani akayaandika yote nyuma ya risiti. Wenye watoto ukumbini, andikeni na nyinyi. Nitayasoma tena baada ya tangazo.